Lamberto Maggiorani: Fundi Aliyeazimwa na Sinema

Mwaka 1948 fundi mmoja wa kukereza vyuma katika kiwanda cha Breda mjini Roma aliiacha mashine yake kwa muda, akaenda kuigiza katika filamu inayomhusu mtu anayehangaika asipoteze kazi. Filamu ilipokamilika alirudi kiwandani. Haukupita muda mrefu, akaipoteza kazi yake mwenyewe. Biashara ya kiwanda ilikuwa imeshuka, watu walikuwa wanapunguzwa, na wakubwa wake walimhesabu kuwa tayari ametajirika kwa sinema. Waliona ni haki zaidi aondoke yeye kuliko mwenzake aliyetegemea mshahara peke yake. Utajiri huo haukuwapo. Kwa kazi iliyoifanya sura yake ijulikane dunia nzima alikuwa amelipwa lira 600,000, kiasi cha dola 1,000 za Kimarekani za wakati ule. Alinunua fanicha mpya za nyumbani, akaipeleka familia yake mapumzikoni, na fedha zikaisha.

Huyo ni Lamberto Maggiorani, na filamu yenyewe ni Ladri di biciclette, yaani Wezi wa Baiskeli, iliyoongozwa na Vittorio De Sica. Kisa chake husimuliwa mara nyingi kama bahati mbaya: mtu aliyeigiza dhiki ya mwingine, kisha dhiki ile ikamfuata nyumbani. Sikubaliani na usimulizi huo. Ukiyalaumu majaliwa, hulazimiki kumuuliza mtu yeyote swali. Yaliyompata Maggiorani yalitokana na fikra fulani kuhusu uigizaji, fikra iliyotawala sinema ya Italia baada ya Vita Vikuu vya Pili, kwamba mtu wa kawaida akisimama mbele ya kamera haigizi, yupo tu. Fikra hiyo imezaa baadhi ya filamu bora kuliko zote zilizowahi kupigwa. Ndiyo hiyo hiyo iliyowafanya watu wema, wenye uchungu wa kweli na maskini, wasione kwamba wamemwajiri mfanyakazi.

Maggiorani alizaliwa Roma mwaka 1909, kwa hiyo filamu ilimkuta akikaribia miaka arobaini, na mke na watoto wa kulisha. Alifika kwa De Sica kupitia mwanawe. Mtoto ndiye aliyekuwa anatafutiwa nafasi ya Bruno, mwana katika filamu, na De Sica alipomwona baba akasahau habari ya mtoto. Mwongozaji huyo alikuwa amezunguka sana akitafuta fedha. David O. Selznick, mtayarishaji mkubwa wa Hollywood, alikuwa radhi kutoa mtaji iwapo nafasi ya baba angepewa Cary Grant. De Sica alikataa. Kama ni lazima awe Mmarekani, alisema afadhali Henry Fonda, na mazungumzo yakavunjika. Hatimaye fedha zilipatikana Italia kwenyewe. Ukiutafakari uamuzi ule, unamheshimu De Sica: aliziacha fedha nyingi ili uso wa fundi wa kiwanda uchukue nafasi ya uso wa nyota.

Hadithi, iliyotokana na riwaya ya Luigi Bartolini na kuandikwa upya kwa ajili ya filamu na Cesare Zavattini pamoja na wenzake, inasimulika kwa sentensi chache. Antonio Ricci hana kazi. Anapata kibarua cha kubandika mabango mitaani, kwa sharti kwamba awe na baiskeli. Ya kwake iko rehani, na mkewe Maria anayatoa mashuka ya kitandani yakawekwe badala yake. Siku ya kwanza kazini, akiwa juu ya ngazi anabandika bango la Rita Hayworth, baiskeli inaibwa. Jumapili nzima yeye na mwanawe Bruno wanazunguka Roma kuitafuta. Jioni, akiwa amekata tamaa, anajaribu kuiba baiskeli ya mtu mwingine, anakamatwa mbele ya mtoto wake, anapigwa makofi, anaachiliwa kwa huruma. Wawili hao wanaondoka wakilia katikati ya umati.

Filamu ilipotoka, sifa zilimiminika. Ilipata tuzo maalumu ya Oscar mwaka 1950. Mwaka 1952 jarida la Sight and Sound la Uingereza lilipowauliza wahakiki filamu bora kuliko zote ni ipi, hii ndiyo iliyoshika nafasi ya kwanza. Lakini namna ya kumsifu Maggiorani ilikuwa na kasoro tangu mwanzo. André Bazin, mhakiki Mfaransa ambaye hakuna aliyeieleza sinema hii vizuri kumpita, aliandika kuwa ndani yake hamna tena waigizaji, hamna tena hadithi ya kutungwa. Yeye alikuwa anamtukuza De Sica kwa ustadi wa kuficha ustadi. Wasomaji wengi walielewa kinyume: kwamba Maggiorani hakufanya lolote, aliletwa tu akasimama, kama jengo au mvua.

Itazame filamu tena ukimfuatilia yeye peke yake. Mwanzoni kabisa, karani anaita majina ya waliopata kazi, na umati umemzunguka. Ricci hayumo katika umati. Amekaa kando, ng'ambo ya barabara, hadi mtu anakimbia kumwita. Namna anavyonyanyuka, bila haraka, kama asiyeamini kuwa jina hilo ni lake, inatueleza muda aliokaa bila kazi kabla hajatamka neno. Linganisha na mwendo wake asubuhi ya siku inayofuata, anapotoka nyumbani na baiskeli: mabega yamefunguka, shingo imenyooka, hata kofia imekaa vingine. Halafu ufuatilie mwili huo huo ukijikunja kidogo kidogo tangu asubuhi ya Jumapili hadi jioni. Mtu hawezi kuwa hivyo kwa kuwapo tu. Filamu hazipigwi kwa mfuatano wa hadithi. Onyesho la jioni huweza kupigwa kabla ya la asubuhi, na kila onyesho hurudiwa. Aliyeweza kukumbuka amechoka kiasi gani katika kila kipande, na kuurudisha uchovu uleule kamera ilipowashwa tena, alikuwa anaigiza.

Au lichukue onyesho la mgahawani, ambalo kwangu ndilo kilele cha kazi yake. Dakika chache kabla, Ricci amempiga mwanawe kofi, kisha akapatwa na hofu kubwa aliposikia kelele za mtoto aliyezama mtoni, akidhani ni Bruno. Sasa anataka kufidia. Anaagiza divai na chakula ambacho hana uwezo nacho, anamchekea mtoto, anajifanya tajiri kwa nusu saa. Kwenye meza ya pili amekaa mtoto wa wenye nacho, anayemtazama Bruno kwa dharau. Ricci anaona. Tabasamu haliondoki usoni, ila macho yanaliacha tabasamu peke yake. Anachukua penseli, anamwambia mtoto aandike hesabu ya mshahara ambao wangeupata, na kadiri tarakimu zinavyoongezeka ndivyo furaha yake inavyogeuka maumivu. Furaha ya kujilazimisha, mapenzi ya baba, aibu na hesabu, vyote viko usoni kwa wakati mmoja. Wapo waigizaji waliosoma miaka mingi wasioufikia uwezo huo.

De Sica alikuwa na mkono wake humo, na hilo halimpunguzii Maggiorani chochote. Mwongozaji huyo mwenyewe alikuwa nyota wa sinema za Italia tangu miaka ya 1930, na kila ishara alikuwa anaionyesha kwa mwili wake kwanza ndipo aliyemwelekeza airudie. Yaani palikuwa na mafunzo. Yalikuwa ya haraka na makali, yalifanyika barabarani badala ya chuoni, lakini mwalimu alikuwa hodari na mwanafunzi alielewa upesi. Kama tungekubali kuyaita mafunzo, tungekubali pia kwamba Maggiorani alitoka humo akiwa na ujuzi, na kwamba mwenye ujuzi ana haki ya kuutumia tena.

Hapo ndipo milango ilipomfungia. Waongozaji wa uhalisia mpya, kama mtindo huo ulivyoitwa, walitaka nyuso zisizojulikana. Nguvu ya filamu zao ilitokana na mtazamaji kutomtambua aliye mbele yake, na Maggiorani sasa alitambulika kila alipopita. Waongozaji wa sinema za kawaida, kwa upande wao, walitaka waigizaji wenye vyeti na majina, na kwao huyu alikuwa fundi wa kiwanda aliyebahatika. Kwa wale wa kwanza alikuwa amezidi kuwa mwigizaji, kwa hawa wa pili hajawa mwigizaji.

Na soko lenyewe lilikuwa linageuka. Watazamaji wa Italia walikuwa wanapenda vichekesho na filamu za Marekani kuliko kuonyeshwa shida zao wenyewe. Serikali nayo haikufurahishwa. Giulio Andreotti, naibu waziri aliyesimamia sinema na ambaye baadaye angekuwa waziri mkuu mara kadhaa, alimshambulia De Sica hadharani mwaka 1952 kwa ajili ya filamu Umberto D., akimtuhumu kuipaka nchi matope mbele ya mataifa. Mwaka huo mtindo uliomwibua Maggiorani ulikuwa unakata roho, na yeye alikuwa anabisha hodi studio hadi studio.

Hakukosa kabisa. Alipata nafasi katika Achtung! Banditi! ya Carlo Lizzani mwaka 1951, filamu ya wapiganaji wa msituni dhidi ya Wanazi, pamoja na Gina Lollobrigida. Alionekana katika filamu nyingine kadhaa kwa nafasi ndogo, nyingine za kupita tu. De Sica, baada ya kusitasita, alimpa kipande kidogo katika Umberto D. ambacho jina lake halikutajwa. Katikati ya hayo alifanya kazi ya uashi na vibarua alivyovipata. Mtu ambaye sura yake ilikuwa katika magazeti ya Paris na New York alikuwa anachanganya zege Roma.

Mwaka 1962 Pier Paolo Pasolini alimwita kwa ajili ya Mamma Roma. Katika filamu hiyo kijana Ettore anaingia wodini na kumwibia mgonjwa redio yake, tendo linaloanzisha maangamizi yake. Mgonjwa anayeibiwa ni Maggiorani. Pasolini alijua anachokifanya. Mtazamaji yeyote wa Italia angemtambua mtu yule aliyelala kitandani kuwa ndiye aliyeibiwa baiskeli miaka 14 kabla. Ni heshima kubwa kutoka kwa mwongozaji mmoja kwenda kwa filamu ya mwenzake. Lakini tuseme na upande wa pili: Pasolini alikuwa anaitumia kumbukumbu ya Maggiorani, wala si uwezo wake. Alimwita kwa dakika chache, kama alama, kisha akamwacha aende.

Je, De Sica alimkosea? Nimelipima swali hili na jibu langu haliko upande mmoja. De Sica hakumdanganya. Alieleza mwenyewe kwamba tangu mwanzo alimtaka Maggiorani aahidi kurudi kiwandani kazi ikiisha na asijidanganye kuwa ameshakuwa nyota. Alikuwa ameona jinsi tamaa ya sinema inavyowaharibu watu. Ahadi hiyo ilikuwa ya huruma, ila ilimfunga mtu mmoja tu. Maggiorani aliahidi kurudi Breda, na alirudi. Breda haikuahidi chochote, wala De Sica hakuenda kuitaka iahidi. Mtu aliyeweza kumkatalia Selznick angeweza kukaa na uongozi wa kiwanda kimoja cha Roma. Hilo halikumjia, nami naamini sababu ni ile ile: hakumwona Maggiorani kama mwajiriwa wake, alimwona kama mtu aliyeazimwa kutoka maishani na ambaye maisha yatampokea tena kama yalivyomtoa.

Zavattini ndiye aliyelisumbukia jambo hili zaidi. Aliandika mpango wa filamu aliouita Tu, Maggiorani, yaani Wewe, Maggiorani, kuhusu mtu aliyefanywa shujaa wa skrini kisha akaachwa bila kazi. Haikuwahi kupigwa. Mpango huo unaonyesha dhamiri inayochoma, na unaonyesha pia mahali fikra ya Zavattini ilipokwama. Dawa aliyoiwaza kwa mtu aliyeumizwa na filamu ilikuwa filamu nyingine. Mwaka 1953, katika filamu ya vipande iitwayo Amore in città, alikwenda mbali zaidi: mwanamke aliyewahi kumtelekeza mwanawe kwa umaskini aliombwa akiigize kisa chake mwenyewe, hatua kwa hatua, mbele ya kamera. Mimi kipande hicho hunishinda kukitazama kwa utulivu. Nia ilikuwa kuonyesha jinsi jamii inavyomsukuma mama hadi afanye hivyo. Gharama ya kuonyesha, hata hivyo, aliilipa mama yule yule.

Wenzake Maggiorani walikuwa na miisho tofauti, na tofauti hizo zinafundisha kuliko kisa chake peke yake. Enzo Staiola, aliyeigiza Bruno, alizaliwa mwaka 1939 na aliokotwa mtaani kwa ajili ya macho yake na mwendo wake. Inasimuliwa kwamba De Sica, akitaka mtoto alie, alimtia vichungi vya sigara mfukoni kisha akamtuhumu mbele ya watu kuwa ni mwokota vichungi. Staiola aliendelea na filamu kadhaa, ikiwamo The Barefoot Contessa ya mwaka 1954, kisha akaiacha sinema akawa mwalimu wa hisabati. Alifariki mwaka 2025. Utu uzimani alieleza kwamba utoto wa sinema ulimchosha, na sikumbuki popote alipoonyesha kutamani kurudi. Yeye aliokolewa na umri: sinema ilimkuta kabla hajawa na kazi ya kupoteza.

Carlo Battisti, mzee wa Umberto D., aliokolewa na cheo. Alikuwa profesa wa isimu katika Chuo Kikuu cha Florence, na akiwa na miaka takribani 70 aliigiza mstaafu fukara anayetishiwa kufukuzwa chumbani kwake pamoja na mbwa wake. Ni uigizaji wa hali ya juu. Lakini kamera zilipozimwa alirudi kwenye vitabu na heshima yake, na hakuna aliyewaza kumnyima kazi kwa sababu amecheza filamu. Alirudi maktabani kwa uhakika ule ule ambao Maggiorani aliambiwa aamini kuwa anao. Linganisha watu hawa wawili, waliotafutwa na mwongozaji mmoja, kwa mtindo mmoja, ndani ya miaka minne, na uone ni nani kati yao anayeweza kuazimwa bila kuumia.

Wa tatu ni Franco Citti, kijana wa vitongoji vya Roma aliyekuwa akipaka rangi nyumba kabla Pasolini hajampa nafasi kuu katika Accattone mwaka 1961. Citti alidumu. Alicheza filamu kwa miongo, hata Francis Ford Coppola alimchukua katika The Godfather. Je, alikuwa na kipaji kumpita Maggiorani? Siamini. Tofauti ni kwamba Pasolini alimrudia, filamu baada ya filamu, hadi wengine nao wakamzoea kama mwigizaji. Na hata Citti hakupewa kila kitu. Katika Accattone sauti tunayoisikia ni ya mwigizaji mwingine aliyeajiriwa kumtilia maneno. Uso wa mtu wa mtaani ulitakiwa, sauti yake haikutakiwa.

Njia ile ya De Sica ilisafiri mbali. Satyajit Ray aliiona filamu hii London mwaka 1950, akarudi India na nia ya kupiga Pather Panchali kwa watu wasio nyota. Ilipotoka mwaka 1955, sinema ya nchi maskini ilikuwa imepata mlango. Bila Maggiorani mlango huo ungechelewa, na ndiyo maana nasita kila ninaposikia hoja kwamba watu wa kawaida wasitumiwe kabisa. Wakiachwa waigizaji wa vyuoni peke yao, maisha ya watu wengi hayataonekana kamwe kwenye skrini.

Mira Nair, mwongozaji mwenye asili ya India ambaye maisha yake yamefungamana pia na Kampala, alilikabili suala hili kwa vitendo. Mwaka 1988 alipiga Salaam Bombay! akiwatumia watoto wa mitaani, na mwaka ule ule ukaanzishwa mfuko wa Salaam Baalak Trust kuwahudumia watoto kama hao, mfuko unaoendelea hadi leo. Ni hatua kubwa kuliko zote nilizozitaja. Hata hivyo, kijana aliyecheza nafasi kuu katika filamu hiyo alikuja kuendesha bajaji Bangalore baada ya kukosa kazi ya sinema. Mfuko ulitoa hifadhi, shule na chakula kwa wengi, lakini nafasi katika fani ni jambo jingine. Nair alisogea karibu zaidi na jibu mwaka 2004 alipoanzisha Kampala maabara ya filamu na kuipa jina la Kiswahili, Maisha, ili vijana wa Afrika Mashariki wajifunze kuandika na kupiga filamu zao wenyewe. Hapo mtu wa mtaani hasubiri kuazimwa. Anafundishwa kazi na kuambiwa kuwa ni kazi.

Maggiorani alifariki Roma mwaka 1983, akiwa na miaka 73, hospitalini San Giovanni. Alichohitaji mwaka 1948 kilikuwa kidogo na kiliwezekana: barua ya Breda kwamba nafasi yake inalindwa, fungu fulani la mapato filamu ikiuzwa nje, na mtu mmoja katika studio wa kusema kuwa huyu anajua kuigiza, apewe nafasi nyingine kubwa. Yote matatu ni mambo ya mkataba, ya aina ambayo mawakala wa Cary Grant wangeyadai kabla kamera haijafunguliwa.